Saa za Kupumua

Uniti za umeme ziliisha asubuhi, watu wakiwa bado wanapiga mswaki uani. Taa ya korido ilizimika, redio ya Kinyozi ikakatika katikati ya tangazo, na katika chumba cha tatu mkono wa kushoto mashine ikaanza kulia ule mlio wake mwembamba wa kukosa umeme. Wapangaji wengine walisonya, wakaendelea na miswaki yao. Mama Pindo alitupa mkasi juu ya cherehani, akamkimbilia mumewe.

Fundi Sakafu alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda, viganja juu ya magoti, mabega yamepanda mpaka masikioni. Mpira mwembamba wa mashine ulikuwa bado puani, ila haukuleta kitu. Alimtazama mkewe kwa yale macho ambayo mkewe hakuyapenda, macho ya mtu anayeomba radhi kwa kusumbua. Mama Pindo alipiga magoti mbele yake, akamwambia avute kwa pua na apulize pole pole, midomo ameibana, kama nesi alivyowafundisha. Alipomwona ameshika mwendo, alitoka mbio kumtafuta Kinyozi, miguu mitupu.

Kinyozi alikuwa na banda lake la kunyolea katika chumba cha mbele kinachotazama barabara, na ndiye aliyekusanya michango ya umeme ya nyumba nzima. Alikuwa na roho nzuri yule bwana, jambo ambalo mwishowe halikumsaidia mtu yeyote. Alikuwa ameshasimama koridoni mbele ya mita, amejishika kiuno.

"Shemeji, si tumenunua juzi tu?" alisema. "Hizi zilikuwa za kutufikisha katikati ya mwezi. Zimekwenda wapi?"

Mama Pindo alimwambia hayo ya wapi yatazungumzwa baadaye, mgonjwa hana pumzi. Kinyozi hakubishana. Alinunua uniti chache kwa simu yake mwenyewe, akabonyeza zile namba ndefu kwenye mita, akakosea, akaanza upya. Taa iliporudi, mashine ilikohoa mara moja, kisha ikaendelea na ngurumo yake ya siku zote. Mama Pindo alirudi chumbani kumtazama mumewe.

Nyumba ile ilikuwa na vyumba sita na mita moja, na bibi mwenye nyumba, aliyekuwa akiishi mtaa wa pili, alikuwa amekataa katakata kuongeza nyingine. Basi wapangaji walijitungia sheria yao, na kwa miaka mingi waliiona ni ya haki kuliko sheria zote. Kila kifaa kina namba ya wati mgongoni. Mpangaji akileta kifaa kipya, Kinyozi hukigeuza mbele ya watu, akaisoma namba, akakikatia mafungu ya mchango: namba kubwa, mafungu mengi, namba ndogo, fungu moja. Pasi ya Mama Pindo, wati elfu moja, ndiyo iliyobeba mafungu mengi kupita kitu chochote humo ndani, naye alilipa bila kunung'unika, maana nani asiyejua kwamba pasi ni mlafi? Kifaa kinawaka kwa muda gani, hilo halikuwahi kuulizwa na mtu. Namba ni namba.

Hospitali ilipowaazima ile mashine ya oksijeni, Mama Pindo aliigeuza kwa mikono yake mwenyewe. Wati mia tatu na hamsini. Alifurahi nusura acheze. "Haifiki hata nusu ya pasi," aliwaambia wenzake waliokusanyika mlangoni, na wote wakaafiki, wakampa pole na heri kwa pamoja. Mashine ikakatiwa mafungu mawili, na Kinyozi akaondoa moja kwa ajili ya ugonjwa. Mama Pindo aliapa siku ile kwamba mashine ya mumewe haitamwongezea mtu mzigo. Alikuwa anaamini alichokiapa, hilo tumpe.

Mumewe alikuwa amesaga sakafu za watu maisha yake yote. Nyumba nyingi za maana mjini mle, ukiingia ukauona uso wako sakafuni, ujue alipita yeye. Lile vumbi lilimwingia kifuani taratibu, likakaa, likagoma kutoka. Nesi alisema bila kuzunguka: mashine hii isipungue saa kumi na tano kwa siku, na kama mnaweza, msiizime kabisa. Mama Pindo alisikia hilo la mwisho tu.

*

Mchana wa siku ile walikaa kikao koridoni, wengine kwenye viti, wengine wameegemea milango yao. Kinyozi aliuliza nani ameleta kifaa asichokitangaza. Kila mtu akamtazama mwenzake. Kisha, bila mtu kuamrisha, macho yakaanza kuelekea chumba cha sita.

Chumba cha sita alikaa Barafu. Alikuwa mwanamke peke yake, mwenye maneno mengi na kicheko kinachofika barabarani, akiuza barafu na maji ya matunda yaliyogandishwa kwenye vifuko. Friji yake ilikuwa kuukuu, mlango wake umefungwa kwa kamba, na namba yake mgongoni ilikuwa wati mia na hamsini tu. Alilipa fungu moja huku akipata riziki yake yote humo, na watu walikuwa wamelimeza hilo kwa shida miaka yote. Sasa walipata nafasi ya kulitapika.

Barafu alijitetea. Friji ni ile ile, alisema, chumba ni kile kile, iweje ianze uchu leo? Mmoja akasema joto limezidi. Mwingine akasema biashara imepanda, tunaona wateja wanavyopishana. Barafu akaona kibao kinamgeukia, akamtafuta mtu wa kumshika mkono.

"Dada," alimwambia Mama Pindo, "wewe mlango wako unatazamana na mita. Sema neno basi."

Mama Pindo alikuwa na hofu tangu asubuhi, na mtu mwenye hofu hushika chochote. Alisema kwamba amesikia friji ikizeeka hula kuliko mpya. Hakulisema kwa ubaya. Lakini alilisema, na lilitosha. Ikakubaliwa friji izimwe kwa muda waone, na Mama Pindo, kwa kuwa ana ulimi wa adabu na anajua kuzungumza na watu wa ofisi, aende kuulizia mita, isije ikawa inawaibia.

Barafu aliinuka bila kuaga mtu. Walisikia akivuta waya ukutani.

*

Ofisini foleni ilikuwa imekunjwa mara tatu. Mama Pindo alisimama akifikiria nani atamgeuzia mumewe mto, na alipofika dirishani alikuwa ameshasahau maneno mazuri aliyoyapanga. Msichana wa dirishani aliichukua namba ya mita, akaichapa, akatazama kioo chake.

"Mita haina tatizo, mama. Matumizi ndiyo yamepanda. Mlikuwa mnatumia uniti nne hivi kwa siku, sasa mnapita kumi na mbili. Mmeongeza nini?"

Mama Pindo alisema hawajaongeza kitu. Kisha akasema, labda mashine ya mgonjwa, lakini ile ni ndogo, wati mia tatu na hamsini, haifiki hata nusu ya pasi. Alilisema kwa kujiamini kidogo, kama mtu anayemfahamisha mwenzake.

"Mnaiwasha kwa muda gani?"

"Haizimwi."

Msichana aliacha kuchapa. Si kwamba alikuwa na dharau. Alikuwa amechoka, na nyuma ya Mama Pindo watu walikuwa wanakohoa kile kikohozi cha foleni. Alimwambia kwamba wati ni kasi tu ya kula. Uniti ndiyo kiasi kilicholiwa. "Bomba kubwa ukilifungua dakika moja ukafunga, umejaza ndoo. Bomba dogo ukiliacha wazi mchana na usiku, si umemaliza tangi?" Akavuta kikokotozi, akakigeuza ili Mama Pindo aone. Mia tatu na hamsini, mara saa ishirini na nne: elfu nane na mia nne. Gawanya kwa elfu moja: uniti nane na pointi nne.

"Kwa mwezi?" aliuliza Mama Pindo.

"Kwa siku, mama. Na pasi yako unaiwasha nusu saa? Basi hiyo ni nusu uniti."

Mtu nyuma alicheka, pengine kwa jambo lake jingine. Mama Pindo alihisi masikio yakiwaka moto. Aliuliza na friji je, friji kuukuu ya wati mia na hamsini? Msichana alisema friji huwaka na kupumzika, huwaka na kupumzika, haiwezi kufika hata robo ya mashine ile. Mama Pindo aliuliza tena, kwa sauti ya chini, kama hakuna punguzo kwa mtu ambaye umeme kwake ni dawa. Msichana alimtazama sawasawa kwa mara ya kwanza. Alisema dirisha lile halina kitu kama hicho. Aandike barua kwa mkuu.

"Anajibu?"

Msichana alihamisha macho yake kwenye foleni. "Anayefuata," alisema.

Njiani Mama Pindo alijikuta anapiga hesabu bila kutaka. Taa ya duka la dawa iliyowaka mchana kweupe, feni ya muuza nguo, redio ya fundi viatu: kila kitu alikizidisha kwa saa zake. Laiti asingejua! Jana alikuwa mtu mwaminifu aliyekosea hesabu. Leo alikuwa anaijua hesabu na hana la kuifanya. Mashine ya mumewe ilikula mara mbili ya vifaa vingine vyote vya nyumba, na kwa fungu moja.

Alipofika nyumbani alimkuta Barafu uani, ameinama kwenye mfereji wa maji machafu, anapasua vifuko kimoja kimoja na kumwaga. Maji ya rangi nyekundu na njano yalikuwa yanatiririka kwenda barabarani. Barafu hakuwa anacheka. Alimuuliza bila kuinua kichwa ofisi imesemaje.

Mama Pindo alifungua mdomo. Kutoka pale aliposimama alikuwa anaisikia ngurumo ya mashine chumbani kwake.

"Wamesema watakuja kuangalia mita," alisema.

*

Siku zilizofuata Mama Pindo aliishi kama mwizi ndani ya nyumba yake. Alizima taa ya chumba, akashonea dirishani hadi giza likamfukuza. Aliazima pasi ya mkaa, akaunguza kola ya shati la mteja, akalilipa. Alichaji simu kwa jirani wa nyumba nyingine. Kila alichokizima alikipigia hesabu, na kila hesabu ilimcheka. Akijumlisha vyote havikufika hata saa mbili za ile mashine.

Mara moja alijaribu. Mumewe alikuwa amesinzia mchana, uso umetulia, akaona labda kidogo haitadhuru. Alibonyeza kitufe, akakaa na kumtazama. Kifua kilianza kupanda juu zaidi na kushuka haraka zaidi, kisha midomo ikabadilika rangi, pole pole, kuanzia kwenye pembe. Aliiwasha mashine kabla hajajua ameinuka. Fundi Sakafu alifumbua macho akauliza kuna nini. Hakuna kitu, mzee wangu, lala. Akaenda nyuma ya pazia akalia, kitambaa cha mteja kikiwa mdomoni.

Aliona haya kupita mbele ya chumba cha sita. Barafu alikuwa anauza mkaa wa kupima kwa kopo, biashara isiyomfaa, mikono na nguo vyote vyeusi. Walisalimiana. Kuna salamu ambazo ni nzito kuliko matusi, na Mama Pindo alizibeba asubuhi na jioni.

Uniti ziliisha tena. Friji ilikuwa imezimwa na bado ziliisha, na safari hii hata wale wapole walianza kutafuta mtu wa kumla. Kinyozi alisema sasa basi, watu wa ofisi hawaji, tupime wenyewe. Jumamosi, kila mtu awepo.

*

Kipimo chenyewe kilikuwa chepesi. Kwenye mita kuna kitaa chekundu kinachokonyeza. Umeme ukiliwa sana hukonyeza mbio mbio, ukiliwa kidogo hukonyeza kwa mbali. Kinyozi alisimama chini yake kama mwamuzi. Aliamuru kila mtu azime kila kitu isipokuwa mashine ya mgonjwa, hiyo kwa heshima iachwe, kisha awashe chake kimoja kimoja.

Televisheni ya chumba cha kwanza iliwashwa, kitaa kikaongeza kidogo. Feni, kikaongeza kidogo. Friji ya Barafu ikawashwa, na kila mtu akasogea, lakini kitaa hakikushtuka kwa lolote la maana. Mmoja alinong'ona kwamba labda bado haijapata moto. Barafu alimwambia friji haipati moto, inapata baridi, na watu kadhaa wakacheka bila kutaka. Kisha Kinyozi akaomba pasi ya Mama Pindo. Ilipochomekwa, kitaa kilianza kukonyeza kama jicho lililoingia mchanga.

Watu waliguna. Ndiyo hii, ndiyo hii. Lakini Mama Pindo alikuwa anatumia pasi ya mkaa siku hizi, wote walimwona, hivyo pasi haikuwa na kesi. Ikazimwa, na vyote vikazimwa tena, na kitaa kikarudi kwenye mwendo wake wa kwanza: kinakonyeza, kinatulia kidogo, kinakonyeza. Ilikuwa ni mashine peke yake.

"Mnaona?" alisema Kinyozi. "Hata haifiki nusu ya pasi. Shemeji alituambia kweli."

Mama Pindo alikuwa amesimama mlangoni kwake. Ilikuwa imekwisha. Kipimo chao wenyewe kilikuwa kimemtoa kwenye kesi, mbele ya mashahidi, na alichotakiwa kufanya ni kunyamaza tu. Akanyamaza. Tayari mmoja alikuwa anasema lazima Barafu huichomeka friji kwa siri wenzake wakiwa kazini, na mwingine anaongeza kwamba huo waya ukatwe kabisa.

"Kinyozi."

Sauti ilitoka kitandani, ndogo, imekatika katikati. Watu walinyamaza ili waisikie. Fundi Sakafu alikuwa ameketi, mkono umeshika ubao wa kitanda, na mlango ukiwa wazi alikuwa anatazamana na mita kama alivyotazamana nayo mchana kutwa tangu walete mashine.

"Pasi inakonyeza haraka," alisema, akavuta pumzi. "Lakini kwa muda gani? Hii inakonyeza mchana. Inakonyeza usiku. Nimelala hapa naitazama." Akavuta tena. "Mimi nimesaga sakafu pole pole. Pole pole, na nyumba nzima inaisha."

Kisha akanyoosha mkono akabonyeza kitufe. Mashine ilinyamaza. Koridoni kitaa kikakonyeza mara moja ya mwisho, kikazima, na wote walisimama wakikingoja. Hakikuwaka tena. Pumzi ya Fundi Sakafu sasa ilisikika hadi kwa Kinyozi, fyuu, fyuu, na hakuna aliyejua aangalie wapi. Mama Pindo aliruka akaiwasha mashine, akamkazia mumewe mpira puani. Hakumkasirikia. Angempata wapi wa kumkasirikia?

Kinyozi alipiga hesabu kwa vidole, akaanza upya, akaacha kabla hajamaliza. Alikuwa ameelewa.

Barafu ndiye aliyesogea. Alisimama mbele ya Mama Pindo na mikono yake myeusi ya mkaa.

"Dada. Siku ile umetoka ofisini, umenikuta namwaga vitu vyangu. Ulikuwa unajua?"

Mama Pindo angeweza kusema hapana.

"Nilikuwa najua," alisema.

Barafu aliitikia kwa kichwa, kama mtu aliyepokea chenji yake ikawa kamili. Akaenda chumbani kwake, akafunga mlango, na punde friji yake ikasikika ikiunguruma.

*

Waliobaki walikaa kikao pale pale. Wala wasije wakasemwa kwamba walikuwa watu wabaya. Walikuwa wafua nguo, wauza mitumba, mlinzi wa usiku; wangekuwa na uwezo wangebeba. Walimwomba radhi Mama Pindo kabla ya kusema neno, na hilo ndilo lililomuumiza zaidi. Akigawiwa kwa haki, mzigo wake ungekuwa theluthi mbili ya umeme wa nyumba, na cherehani chake hakikuwa na pindo za kutosha katika mji mzima kuufikia. Walimpigia bibi mwenye nyumba, naye akasema kwa sauti kubwa, wote wakimsikia kwenye simu, kwamba mita ya pili hataki, na kama mgonjwa anawazidi, wakamwulize aliyemtoa hospitali. Ukoo ulikuwa mbali, na waliokuwa karibu walikuwa wameshaombwa.

Hapo mlinzi akasema, kwa upole kabisa, kwamba labda isiwe yote, labda ziwe saa kadhaa. Wote watachangia saa kadhaa kwa siku, iwe sadaka yao kwa Fundi.

"Saa nane tutazibeba," alisema Kinyozi.

Mama Pindo aliwaambia nesi amesema kumi na tano. Wakatazamana. Alisema basi kumi na mbili. Kinyozi alikuna kidevu, akasema tisa, shemeji, na hapo tumejinyonga. Aliomba kumi. Alijisikia anaomba kama anavyoombwa yeye na wateja wake, punguza kidogo mama, ongeza kidogo mama, ila yeye alikuwa anashona nguo. Wakanong'onezana. Wakarudi na tisa. Aliwashukuru. Ndiyo, aliwashukuru, mmoja mmoja, na mmoja mmoja walimwambia hapana neno.

Aliporudi ndani, mumewe alikuwa ameshasikia yote. Ukuta wa mbao haufichi kitu. Alimpigia kiganja kitandani akae. Walikaa bega kwa bega, kama wasafiri wanaongoja gari, mashine ikiunguruma miguuni pao.

Mama Pindo alimwambia zote tisa zitakuwa za usiku. Mtu akilala ndipo pumzi hupungua, nesi alisema, na yeye hawezi kulala akimsikiliza. Mchana atakuwa karibu, atamwangalia, atamkalisha vizuri dirishani.

Fundi Sakafu alitikisa kichwa.

"Usiku nimelala, mke wangu. Sina maneno na mtu. Nipe za mchana, tuzungumze."

Alimwambia asiseme upuuzi. Alimwambia yeye hana haja ya mazungumzo, ana haja ya mtu anayeamka asubuhi. Alisema mengi, kwa sauti ya chini ili ukuta usisikie, kuhusu nesi, kuhusu midomo, kuhusu namna alivyojaribu ile siku na alichokiona. Mumewe alimsikiliza mpaka mwisho, mkono wake mgumu wa saruji juu ya goti la mkewe. Alikuwa anaelewa kila kitu. Tatizo lake halikuwahi kuwa kuelewa. Kisha akasema wagawane, nusu zako nusu zangu, kama watu wazima. Akasema za kwako ziwe usiku, za kwangu ziwe jioni ukishaacha cherehani.

Mama Pindo alihesabu kwa vidole. Alihesabu mara ya pili akitumaini vidole vitampa jibu jingine. Kinyozi alikuwa amesema hesabu ya siku ianze asubuhi, na tangu asubuhi ile mashine ilikuwa imeshakula saa tano.

"Za leo zimebaki ngapi?" aliuliza Fundi Sakafu.

"Nne."

Alifikiri kidogo, akiangalia jua lililokuwa bado liko juu ya paa la jirani.

"Basi izime," alisema. "Tuziweke."

Mama Pindo hakuinuka mara moja. Alimwekea mto mgongoni, akamrekebishia kola ya shati, akafungua dirisha lote, na alipokosa kitu kingine cha kufanya, akainama na kuizima.